Takashi Shimura naye atajwe

Mhariri,

Nakushukuru kwa makala ya ukurasa wa utamaduni kuhusu sinema ya Japani ya miaka ya 1950, ambayo ilichambua vizuri kazi za mwongozaji Akira Kurosawa na nyota wake Toshiro Mifune. Hata hivyo, nimeisoma hadi mwisho bila kuliona jina la mwigizaji Takashi Shimura, na kwa maoni yangu kulizungumzia kundi la Kurosawa bila kumtaja yeye ni kumnyima msomaji nusu ya habari.

Mifune alicheza katika filamu 16 za Kurosawa, ilhali Shimura alicheza katika 21, kuanzia ile ya kwanza ya mwaka 1943 hadi Kagemusha ya mwaka 1980. Sitaki lakini barua hii iwe ya hesabu, maana mwigizaji anaweza kuonekana mara nyingi na asikumbukwe hata mara moja. Kilichomtofautisha Shimura ni kwamba kila alipojitokeza alikuwa mtu mwingine, tena bila kujificha nyuma ya vipodozi: mwaka 1948 alikuwa daktari mlevi, mkali wa maneno lakini mwenye huruma, mwaka uliofuata akawa mpelelezi mzoefu asiye na papara, na mwaka 1950 pekee alikuwa wakili anayepokea rushwa na pia mkata kuni wa filamu ya Rashomon, yule ambaye ushahidi wake mwenyewe unakuja kutiliwa shaka.

Mwaka 1954 unastahili kutazamwa kwa makini zaidi. Katika Seven Samurai, iliyotoka mwezi Aprili, tunamkuta Shimura ameketi kando ya maji akinyolewa kichwa, huku wanakijiji wakimtazama kwa mshangao, kwa kuwa kishungi cha nywele kilikuwa alama ya hadhi ya samurai. Anaazima joho la mtawa, anachukua matonge mawili ya wali, na kukiendea kibanda ambamo mwizi amemshika mtoto mateka. Hatoi maelezo yoyote, wala uso wake haujigambi. Tangu hapo hadi mwisho wa filamu hujipapasa upara wake kila anapofikiri au kucheka, na kwa kitendo hicho kidogo tunamzoea kiongozi huyu wa samurai saba kama mtu tunayeishi naye. Mwezi Novemba mwaka huohuo aliingia katika Godzilla ya kwanza, filamu ya mnyama mkubwa wa kutisha, akiwa mwanasayansi mzee anayesikitika kwamba kila mtu anataka kumuua mnyama yule badala ya kumchunguza. Sijui waigizaji wangapi wangeaminika katika nafasi zote mbili ndani ya mwaka mmoja.

Kazi yake kubwa kuliko zote, kwangu mimi, ni Ikiru ya mwaka 1952, ambamo anaigiza mkuu wa idara katika ofisi ya jiji anayegundua kwamba ana saratani ya tumbo. Shimura alikuwa na umri wa miaka 47 tu, lakini mgongo uliopinda, shingo iliyonyong'onyea na sauti isiyofika mbali vinamfanya aonekane mzee aliyechoka kabisa. Anapoimba wimbo wa zamani katika baa, midomo yake inatikisika kidogo tu na macho yanajaa machozi, nao walevi waliokuwa wakicheza wananyamaza mmoja baada ya mwingine. Inafaa kukumbuka kwamba katika ujana wake aliwahi kufanya kazi katika idara ya maji ya jiji la Osaka, hivyo ofisi zenye mafaili yasiyosogea hakuzisikia kwa wengine. Na atakayedhani kwamba alijua huzuni tu amtazame katika filamu ya nyimbo ya samurai ya mwaka 1939, ambamo anaimba kwa furaha tele.

Huenda mwandishi wako ana udhuru mmoja. Kurosawa alimwekea Shimura nafasi katika Kagemusha, lakini sehemu yake ilikatwa katika nakala iliyosambazwa nje ya Japani. Kwa hiyo, ikiwa gazeti litairudia mada hii, namwomba mwandishi atafute nakala kamili, ambamo mzee huyo bado yumo, miaka miwili kabla ya kifo chake.

Mpenzi wa filamu,
Tanga