Tuache kupakua DLL za mitaani

Ndugu Mhariri,

Minada ya korosho kwa kawaida hufunguliwa Oktoba, na ofisi nyingi za vyama vya msingi huku Mtwara na Lindi huwasha kompyuta zilizolala tangu msimu uliopita. Mashine ikishika tu mtandao inaanza kuvuta masasisho ya miezi yote hiyo, umeme unakatika katikati, na ukirudi programu zinagoma: kioo kinadai kuna faili ya DLL imekosekana au imeharibika. Mafundi wengi hapo hutafuta jina la faili mtandaoni, huipakua kwenye tovuti yoyote na kuitupia kwenye System32, folda ya faili za Windows yenyewe. Naomba nafasi niseme kwa nini tabia hiyo ikome.

DLL ni maktaba ya pamoja. Kazi zinazohitajika na programu nyingi huandikwa mara moja, zikawekwa kwenye faili moja, na kila programu huziazima inapoanza. Ndiyo maana faili moja ikipotea programu kadhaa hugoma kwa mpigo. Faili iliyookotwa mtandaoni itafanya kazi ndani ya programu yako kwa mamlaka yote iliyo nayo programu hiyo, na hujui nani ameichezea. Halafu kuna suala la biti, yaani kama programu imeundwa kwa mfumo wa biti 32 au 64. Kwenye Windows ya biti 64, folda ya System32 hutunza faili za biti 64 na SysWOW64 hutunza za biti 32. Ndiyo, majina yamekaa kinyume, na wengi hujikwaa hapo. Ukizichanganya unapata kosa 0xc000007b, na fundi anaanza kusingizia RAM.

VCRUNTIME140.dll na MSVCP140.dll, zinazolalamikiwa sana, huja na kifurushi cha Microsoft kiitwacho Visual C++ Redistributable, toleo la 2015 na kuendelea. Sakinisha vyote viwili, x86 (biti 32) na x64 (biti 64), hata kama mashine ni ya biti 64, kwa sababu programu nyingi za zamani za hesabu ni za biti 32. Kwa pamoja havifiki MB 50, kwa hiyo kisingizio cha bando hakipo. Kila steshenari inaweza kuviweka kwenye flashi.

Kama faili iliyoharibika ni ya Windows yenyewe, fungua cmd (dirisha la kuandikia amri) kwa Run as administrator, uandike kwanza amri hizi mbili za Windows za kutengeneza faili, ukianza na:

DISM /Online /Cleanup-Image /RestoreHealth

kisha:

sfc /scannow

Mpangilio huo una sababu. sfc huchukua nakala nzima kutoka folda ya WinSxS, ghala ya faili za Windows, na DISM ndiyo inayoitengeneza ghala hiyo. Ghala ikiwa mbovu, sfc itakuambia imeshindwa kutengeneza baadhi ya faili. Anayefuta WinSxS ili apate nafasi kwenye diski anajikatia tawi alilokalia. DISM huweza kuganda kwenye asilimia ileile kwa dakika kadhaa; usizime. Kwa kawaida huvuta faili kutoka Windows Update, lakini mtandao ukiwa mbovu tumia ISO (faili ya kusakinishia Windows) ya toleo lilelile: ifungue, na ikipewa herufi E: ongeza mwishoni mwa amri ya DISM /Source:wim:E:\sources\install.wim:1 /LimitAccess. ISO nyingi zina install.esd badala yake. Hapo andika esd mahali pote penye wim. Namba 1 ni ya aina ya Windows iliyomo, na huonekana kwa DISM /Get-WimInfo /WimFile: ikifuatwa na njia ya faili hiyo.

Kwa wanaotunza seva za Linux kosa ni kubwa zaidi, kwa kuwa ls, cp, mv na hata sudo zote huazima libc.so.6, maktaba ya msingi ya Linux. Mtu akiihamisha, kila amri hujibu kwamba maktaba haikupatikana. Usifunge dirisha la amri ulilomo wala usiwashe mashine upya. Bash, programu inayopokea amri zako, ikiwa wazi bado inayo maktaba kwenye kumbukumbu. Amri za cd na echo zimo ndani yake, na echo * itakuonyesha faili kama ls. Kama uliingia kwa root (mtumiaji mkuu) na libc imehamishiwa, tuseme, /root/zamani, mwite moja kwa moja mpakiaji, programu inayozipakia maktaba:

/lib64/ld-linux-x86-64.so.2 --library-path /root/zamani /bin/cp /root/zamani/libc.so.6 /lib/x86_64-linux-gnu/

Hiyo ni njia ya Debian na Ubuntu. Ikiwa imefutwa kabisa, washa kwa flashi ya toleo lilelile na unakili libc.so.6 pamoja na ld-linux-x86-64.so.2. Hizo mbili huenda pamoja. Ukileta moja tu kutoka mashine nyingine, hata tofauti ndogo ya toleo huweza kuangusha kila amri. Kisha ingia kwenye mfumo wa diski hiyo kwa amri ya chroot na uagize apt install --reinstall libc6.

Viongozi wa vyama nao wasikubali haraka neno la “tupige Windows mpya”, hasa pale rekodi za mizani na malipo ya wakulima zimo kwenye diski hiyohiyo bila nakala. Mwambieni fundi kwanza awaonyeshe majibu ya sfc. Yameandikwa kwenye C:\Windows\Logs\CBS\CBS.log. Na UPS moja, kifaa cha kushikilia umeme unapokatika, kwa kompyuta ya mezani inunuliwe kabla ya mnada wa kwanza.

Fundi wa kompyuta,
Masasi, Mtwara