Haiti si magenge tu, tuandikieni na kina Madan Sara

Mhariri, tangu polisi wetu waanze kwenda Haiti Juni 2024 nasoma gazeti lenu karibu kila siku, na kila nikiona neno Haiti ni magenge, ni bunduki, ni askari wetu wamefika ama wameumia. Sawa, ni watoto wetu lazima tujue. Lakini wamama wa huko mbona hamwaandiki jamani?

Kuna hawa wanaitwa Madan Sara, ni jina la ndege fulani mwenye makelele hatulii. Wanapanda mpaka mashambani kununua maharagwe, mahindi na ndizi kwa wakulima, wanapakia lori, wanakaa juu ya magunia mpaka Port-au-Prince kuuza, na siku hizi barabara zimeshikwa na magenge kwa hivyo wanatozwa pesa njiani, wengine wanaporwa, wengine wanabakwa, na bado mtu anarudi barabarani kwa sababu watoto wanataka karo. Mimi nimelelewa na mama mboga. Nikisoma habari zao namuona mama kabisa, ile kuamka saa tisa usiku kukimbilia lori.

Sasa kinachoniuma ni hiki. Huko wanawake wanaitwa poto mitan, yaani nguzo ya katikati, ile paa lote linaegemea, lakini kwa sheria mke wa ndoa alihesabiwa kama mtoto chini ya mumewe mpaka 1982! Na wengi hata hiyo ndoa hawana, wanaishi plasaji, hii yetu ya njoo tukae, mwanaume akienda zake ama akifa mama anaweza kubaki mikono mitupu na biashara ni yeye aliijenga. Ubakaji nao ulihesabiwa kosa la kuharibu heshima mpaka 2005, si kosa la kumuumiza mtu.

Na hawakunyamaza. Walianzisha chama chao 1934, uchaguzi wa rais wakaupigia kura mara ya kwanza 1957. Miezi michache tu baadaye, Januari 1958, dikteta François Duvalier akiwa ameshaingia urais, Yvonne Hakim Rimpel, mwandishi wa habari kama nyinyi, alitolewa nyumbani usiku na wanaume waliofunika nyuso, wakampiga wakamtupa wakidhani amekufa. Aprili 1986, mtoto wa Duvalier aliyerithi urais akiwa ameshakimbia nchi Februari, wanawake maelfu kwa maelfu waliingia barabarani.

Kwa hivyo mwandishi wenu akienda tena huko, awatafute kina Madan Sara, hata kwa simu. Awaulize nyumba imeandikwa jina la nani, pesa wanaweka wapi, wanataka nini, halafu mtuchapishie walivyojibu.

Msomaji wenu, Nakuru