Muziki wa Waitaliano haukutoka damuni

Ndugu Mhariri,

Jumatano ya wiki juzi, kabla hatujaanza mazoezi ya kwaya, kijana mmoja wa sauti ya nne, yaani besi, ile ya chini kabisa, alinisogelea na simu mkononi. "Shikamoo mwalimu. Hebu soma hapa." Ilikuwa makala yenu kuhusu wanamuziki wa Italia, na kidole chake kilikuwa kwenye mstari unaosema kwamba Waitaliano huzaliwa na muziki damuni, na kwamba konsavatori zao, yaani vyuo vya muziki, "majumba ya kifahari ya sanaa", huwa zinaung'arisha tu. Akacheka kidogo. "Sasa sisi tunajisumbua nini na hizi do re mi?" Nikamwambia akakae, nitamjibu. Naomba nafasi nimjibu hapa, kwa kuwa mstari ule umesomwa na wengi na sauti yangu mimi huishia kwenye ukuta wa kanisa.

Neno "konsavatori" lenyewe kwanza. Kwa Kiitaliano "conservare" ni kuhifadhi, na waliokuwa wakihifadhiwa mjini Napoli ni watoto: yatima na maskini wa mitaani. Nyumba zilikuwa nne, zote za karne ya 16. Santa Maria di Loreto ilianza mwaka 1537. Zikafuata Sant'Onofrio a Capuana, Pietà dei Turchini na Poveri di Gesù Cristo, yaani Maskini wa Yesu Kristo, jina ambalo halihitaji maelezo. Wale wa Turchini waliitwa hivyo kwa ajili ya kanzu zao za rangi ya samawati. Mtoto alipewa chakula, dini na kazi ya mikono. Muziki ulishika nafasi baadaye, ulipoonekana unalipa: anayejua kuimba alikodishwa kwenye misa, maandamano ya watakatifu na mazishi, na fedha zikasaidia kuiendesha nyumba. Wengine walivalishwa kama malaika wakakesha kando ya maiti ya mtoto wa watu. Ndiyo majumba ya kifahari hayo.

Ukitaka kuingia ndani, fuatana na Charles Burney, Mwingereza aliyezunguka Ufaransa na Italia mwaka 1770 akikusanya habari za muziki. Alifika Sant'Onofrio. Kwenye ngazi ya kwanza alikuta kijana anapuliza tarumbeta kwa nguvu zake zote. Ngazi ya pili, mwingine na baragumu lake. Ndani ya chumba kimoja kulikuwa na vinanda saba au nane, fidla zaidi ya hizo, na waimbaji, kila mmoja akipiga au kuimba jambo lake kwa ufunguo wake, na pembeni wengine wameinama wanaandika noti. Vitanda vyao vilikuwa humohumo, na ndivyo viti vya kukalia kwenye vinanda. Wakati wa baridi waliamka saa mbili kabla ya mapambazuko, wakafanya mazoezi hadi saa mbili usiku, mapumziko yakiwa saa moja na nusu tu ya kula. Mimi kwaya yangu ikikaa mazoezini saa mbili nazungushiwa macho na akina mama.

Ghorofa ya juu Burney aliambiwa kuna vijana 16 waliolazwa kwenye vyumba vyenye joto ili wasishikwe na mafua. Hao ni matowashi, watoto waliohasiwa ili sauti isivunjike. Sitaki kulipita jambo hili kimya, kwa sababu makala yenu imewataja waimbaji wa aina hii kama nyota bila kusema walivyopatikana. Burney aliuliza upasuaji hufanyika wapi. Milano wakamwambia Venezia, Venezia wakasema Bologna, Bologna wakakana na kumwelekeza Firenze, Firenze wakamtuma Roma, Roma wakamtuma Napoli. Kila mji ulijua, na kila mji ulimsingizia jirani.

Basi walifundishwaje? Hapa ndipo kijana wangu wa sauti ya nne anapohusika moja kwa moja. Mwalimu aliandika mstari wa besi peke yake, mara nyingi bila sauti nyingine juu yake. Zoezi hilo liliitwa "partimento". Mwanafunzi alikaa kwenye kinanda akaijengea besi ile muziki mzima papo hapo, kwa vidole, bila kuandika. Alikwisha kukaririshwa besi ikipanda hatua moja juu ifanyiwe nini, ikiruka ifanyiwe nini, ikikaribia mwisho wa wimbo ifungweje. Sharti la kwanza lilikuwa miaka ya kuimba do re mi kabla ya kuruhusiwa kugusa chombo. Francesco Durante, mwalimu wa Napoli, alisifika sana kwa besi za namna hii. Wakubwa waliwafundisha wadogo, kwa hiyo hata walimu wakiwa wachache somo halikusimama. Mtu akipitia hayo kwa miaka minane au kumi, kutunga kwake kunakuwa kama kuongea.

Mchukueni Domenico Cimarosa, mtunzi wa opera, yaani michezo ya kuigiza inayoimbwa. Baba yake alikuwa mwashi, akaanguka kwenye jengo akafa. Mama akafua nguo za watu. Mtoto akaingia Santa Maria di Loreto mwaka 1761. Mwaka 1787 alikuwa njiani kwenda kumtumikia Malkia Katarina wa Urusi, na mwaka 1792 opera yake "Il matrimonio segreto" ikaonyeshwa Vienna. Nionyesheni damu hapo, nami nitawaonyesha sahani ya chakula na besi ya Durante.

Venezia nako palikuwa na nyumba nne, ila huko waliosifika kwa muziki ni wasichana. Mtunzi Antonio Vivaldi alianza kufundisha fidla kwenye mojawapo, Ospedale della Pietà, mwaka 1703. Waliimba na kupiga vyombo wakiwa juu, nyuma ya nondo za chuma, watu wasiwaone. Wengi hawakuwa na jina la ukoo, hivyo wakaitwa kwa chombo: Anna Maria dal Violin, Anna Maria wa fidla.

Sasa kosa ambalo naomba mlirekebishe. Mmeandika kwamba Giuseppe Verdi, mtunzi wa opera, ni "zao la Konsavatori ya Milano". Najua lilikotoka: chuo kile leo kina jina lake. Lakini Verdi aliomba nafasi pale mwezi Juni 1832 akakataliwa. Alikuwa na miaka 18, amepita umri wa kupokelewa; alitoka Parma, wakati ule dola nyingine, kwa hiyo alihesabiwa mgeni; na mkao wa mikono yake kwenye piano haukuwapendeza. Karatasi ya ombi lile aliitunza, akaandika juu yake kwa mkono wake kwamba ilikataliwa.

Kilichofuata ndicho ambacho ningependa msikiache nje. Mfanyabiashara wa kwao Busseto, Antonio Barezzi, alimsaidia kulipia masomo ya binafsi hapohapo Milano, kwa Vincenzo Lavigna. Huyu Lavigna alisomea Napoli, chini ya Fedele Fenaroli, na Fenaroli alikuwa mwanafunzi wa Durante. Milano ilimfungia mlango, ila mafunzo ya nyumba za yatima wa Napoli yalimfikia kwa mkono wa mwalimu mmoja.

Kijana wangu nilimpa karatasi yenye besi ya noti kumi na sita, nikamwambia aijengee sauti tatu za juu, alete Jumatano inayofuata. Ameleta. Sauti ya pili na ya tatu zimegongana kwenye noti ya sita, na mwisho ameufunga kabla besi haijafika nyumbani. Nimempa nyingine.

Wako,
Mwalimu wa kwaya,
Mwanza