Mmeomba radhi bure

Ndugu Mhariri,

Jumamosi iliyopita mlichapa maneno ya kuomba radhi. Mlisema ukurasa wenu wa hadithi uliisimulia Ramayana, ule utenzi wa Wahindi juu ya Rama na mkewe Sita, "kimakosa", kwa kuwa msomaji mmoja wa Morogoro amelalamika kwamba mmeuruka mstari. Ni ule mstari ambao Lakshmana, mdogo wake Rama, alimchorea shemeji yake Sita mbele ya kibanda porini, akamwambia asiuvuke, naye akauvuka ili ampe sadaka mtawa aliyekuja kuomba, kumbe ni Ravana, mfalme wa Lanka, aliyekuja kumwiba. Nasema mmeomba radhi bure.

Mstari huo haumo katika Ramayana ya mtunzi Valmiki, ile ya Kisanskriti yenye beti zipatazo 24,000. Humo Sita anamfokea Lakshmana amfuate Rama, Lakshmana anaondoka shingo upande, basi. Tulsidas, mshairi wa India aliyeanza kutunga ya kwake mwaka 1574, naye hausimulii pale mahali pake. Ni mbele huko, jeshi la Rama likiwa limeshafika Lanka, ndipo Mandodari anapougusia akimsuta mumewe Ravana: kijistari alichochora mdogo wake Rama kilikushinda kuvuka, huo ndio uanaume wako? Hapo nimempenda Mandodari. Watu wetu huutumia mstari kumlaumu Sita, yeye anautumia kumwaibisha mwizi.

Hata hivyo msomaji wenu hakusema uongo. Mstari upo, maana watu wameusimulia mpaka ukawepo.

Mimi ni fundi cherehani. Miaka mingi nilishonea kwenye baraza la duka moja la vitambaa la Wahindi hapa Dodoma. Mama mzee wa nyumba ile, ambaye sote tulimwita Ba kama walivyomwita wajukuu zake, alikuwa akitoka mchana na sinia la mchele, anachambua mawe huku anasimulia, kwa Kiswahili kilichojaa Kigogo cha wateja. Wanawe walipoleta kanda za video za ule mchezo wa televisheni ulioonyeshwa India mwaka 1987 na 1988, nyumba nzima ilikaa kimya kutazama, isipokuwa yeye. Alibishana na televisheni. "Sivyo! Hapo hakulia!" Na Rama aliposharudi mjini kwake Ayodhya na kutawazwa, Ba aliinuka akazima. Habari za Sita kufukuzwa akiwa mjamzito hakutaka kuzisikia. "Imekwisha," alisema, "taa za kumpokea zimeshawashwa." Mkwewe akasema bado haijaisha. Walinuniana mpaka jioni, na chai siku hiyo hatukuiona.

Nani alikuwa na haki? Tulsidas hasimulii kufukuzwa kwa Sita, kwa hiyo Ba alikuwa na shahidi mzito. Kwa Valmiki kumo, katika kitabu cha saba, kwa hiyo mkwe naye alikuwa na wake. Na Chandrabati, mshairi mwanamke wa Bengali wa karne ya 16, aliichukua hadithi yote akaigeuza iwe ya Sita, Rama akabaki pembeni na lawama zake.

Haya ya vitabuni nimesomewa na binti yangu, mwanafunzi wa fasihi Chuo Kikuu cha Dodoma. Alinisomea pia insha ya mtaalamu wa India, A.K. Ramanujan, ya mwaka 1987 kuhusu Ramayana mia tatu. Humo anataja kisa cha katika Adhyatma Ramayana, Ramayana nyingine ya Kisanskriti: Rama anamkataza Sita kufuatana naye porini. Sita anatoa hoja hii na ile, zote zinakataliwa, mwishowe anamwambia: Ramayana nyingi zimetungwa kabla ya hii, unaijua hata moja ambayo Sita hakwenda? Nilisimamisha cherehani nicheke. Insha hiyo Chuo Kikuu cha Delhi kiliiondoa kwenye masomo ya historia mwaka 2011 baada ya watu kulalamika kwamba inaivunjia dini heshima. Nanyi kwa barua moja tu ya Morogoro mmeshanywea.

Sisi wa Dodoma ndio wa mwisho kudai hadithi iwe moja. Wageni huambiwa tembo alikuja kunywa maji kijito cha Kikuyu akazama kwenye tope, mji ukapata jina, maana kwa Kigogo Dodoma ni kuzama. Babu yangu alisimulia nyingine, tena kwa majivuno: wazee wetu waliiba ng'ombe wa Wahehe, wakala nyama, wakachomeka mikia kwenye matope, wenye mali walipofika wakaonyeshwa, ng'ombe wenu ndio hao, wamedidimia. Ya mikia nawapa watani zangu wa Iringa. Ya tembo nawapa maofisa wanaohamia.

Najua wapo ambao Ramayana kwao ni dini, na wana haki ya kuandikiwa kwa adabu. Basi adabu yenyewe iwe kuandika juu ya hadithi: hii ni ya fulani. Mkileta ile ya Thailand, Ramakien ya Mfalme Rama wa Kwanza ya mwaka 1797, humo Sita ni binti wa Ravana mwenyewe, na Hanuman, yule nyani shujaa msaidizi wa Rama, ambaye Ba alimheshimu kwa useja wake, ana wapenzi hapa na pale. Ba angezima mapema zaidi.

Ila kama ni lazima mwombe radhi, muulizeni mchoraji wenu. Ravana wake ana vichwa saba. Kwa Valmiki ni kumi. Vimalasuri, mtunzi wa dini ya Kijaini, anampa kichwa kimoja tu, na vile tisa ni sura yake ikionekana ndani ya vito vya mkufu. Kumi nakubali, kimoja nakubali. Saba sijavisikia kwa yeyote.

Fundi Cherehani,
Chang'ombe, Dodoma