Sinema za kale za ng'ombe zisiharakishwe

Mhariri,

Juma lililopita kituo kimoja cha televisheni kilionyesha vipande vya sinema bubu za mchezo wa ng'ombe wa Uhispania. Matadori, wale wanaopambana na fahali, walikuwa wakidundadunda kama vibonzo, na muziki wa vichekesho juu yake. Wajukuu zangu walicheka mpaka machozi. Mimi nilikasirika.

Watu wale hawakutembea vile. Alexandre Promio, mpiga picha wa ndugu Lumière wa Ufaransa, alifika Madrid mwaka 1896 na kamera ya kuzungushwa kwa mkono, kiasi cha picha 16 kwa sekunde. Mkanda ulikuwa wa mita 17 hivi na uliisha kwa sekunde kama 50. Ukiuendesha kwa picha 24 kwa sekunde, kama sinema za leo, sekunde 50 zinabaki 33, na maringo ya matadori anapoingia uwanjani yanageuka mwendo wa chura. Nayo maringo yale ndiyo roho ya mchezo wao. Huko mtu husifiwa kwa kutulia, kwa kumngoja fahali bila kuinua unyayo.

Kilichoniuma zaidi ni farasi. Kipande kimoja kilimwonyesha akianguka chini ya pembe, na muziki ukazidi kuchangamka. Kabla ya mwaka 1928 farasi wa pikadori, yule mwenye mkuki, hawakulazimika kuvikwa godoro la kinga. Fahali aliwapasua matumbo hadharani, na watazamaji wakaendelea kukaa. Ushahidi wa hayo umo katika mikanda hiyo. Nawaomba wenye vituo wairushe kwa mwendo wake, bila muziki, na mtangazaji aeleze kwanza mtazamaji ataona nini. Asiyeweza kueleza asiirushe.

Sisi wa Pemba jambo hili linatugusa kwa karibu, kwa kuwa wengi huunasibisha mchezo wetu wa ng'ombe na Wareno, majirani wa Wahispania. Lakini kwetu ng'ombe hufungwa kamba, huchezewa kwa nguo huku ngoma ikilia, kisha hurudi kwa mwenyewe akiwa mzima. Mjukuu wangu mdogo, aliyekwisha kuuona mchezo huo, aliniuliza vipande vilipokwisha: "Babu, na wao jioni humrudisha kwa mwenyewe?" Nikamwambia hapana, humuua kwa upanga pale pale uwanjani. Akaniuliza mbona basi tulikuwa tunacheka.

Msomaji wako,
Chake Chake, Pemba