Barua kwa Mwanangu: Kalenda ya Dunia Yenye Miezi Miwili

Dar es Salaam

Mwanangu mpenzi,

Marahaba. Kurasa za dunia unayoibuni nimezisoma zote, na ile ya kalenda nimeirudia nikiwa na kalamu mkononi. Umetoa mwaka wa siku 400, mwezi mkubwa Shani unaozunguka kwa siku 32, na mdogo Kito kwa siku 9. Namba hizo nzuri, ziache. Kalenda uliyoijenga juu yake ndiyo haisimami, nami nataka isimame.

Umegawa 400 kwa 32, ukapata 12.5, ukasema Shani huandama mara 12 na nusu kwa mwaka. Toa moja. Shani ukimaliza mzunguko, dunia nayo imekwisha kusogea kulizunguka jua, kwa hiyo mwezi hauna budi kwenda siku kadhaa zaidi ndipo uandame tena. Nyongeza hizo kwa mwaka mzima hula mzunguko mmoja kamili, maadamu mwezi na dunia vinazunguka kuelekea upande mmoja. Pima kwa mwezi wetu: mzunguko wake ni siku 27.32, lakini mwandamo hadi mwandamo ni siku 29.53. Kwa mwaka hiyo ni mizunguko 13.37, miandamo 12.37. Basi Shani huandama mara 11.5 kwa mwaka, kila baada ya siku 34.78, na Kito kila baada ya siku 9.21.

Sasa kuna jambo ambalo lugha yetu inalificha. Sisi neno "mwezi" tunalitumia kwa kile kilichoko angani na kwa hesabu ya siku pia, maana angani upo mmoja. Mtu wa dunia yako akiambiwa "nitakulipa mwezi ujao" atauliza: wa Shani au wa Kito? Amua mapema. Ushauri wangu, Shani utoe miezi, Kito utoe juma la soko.

Miezi ya Shani iko hivi. Miaka miwili ni siku 800, na ndani yake mna miandamo 23 kamili. Ipe miezi 18 siku 35, na miezi mitano siku 34: wa 3, wa 7, wa 12, wa 17 na wa 21. Usiibandike mifupi yote mwishoni kama ulivyofanya. Tarehe zitaachana na mbingu kwa siku kadhaa, na mwezi utaonekana umeandama wakati kalenda inasema bado. Ikitawanywa hivyo, kosa halizidi nusu siku. Mwaka wa kwanza utakuwa na miezi 12, siku 417; wa pili miezi 11, siku 383. Wakulima watalalamika kwamba mwaka wa pili unachelewa siku 17 kwenye majira, na wana haki. Wape hesabu yao ya jua. Pwani yetu imeishi na hesabu mbili hivyohivyo: ya Hijria, ambayo Ramadhani yake hurudi nyuma siku kama 11 kila mwaka kwa kuwa miandamo 12 ni siku 354 tu, na ya Nairuzi, mwaka wa jua wa siku 365, ambao Makunduchi, Unguja, bado wanausherehekea kwa Mwaka Kogwa.

Juma la Kito ni rahisi: majuma manne ya siku 9, la tano siku 10, jumla 46. Litakosea siku moja kila miaka mitatu na ushei. Mkuu wa soko ataiongeza.

Sikukuu yako ya mbalamwezi mbili, uliyoiweka kila mwezi, haiwezekani. Anza kuhesabu usiku ambao miezi yote miwili iko gizani. Itarudi gizani pamoja baada ya siku 313, yaani miandamo 9 ya Shani na 34 ya Kito. Katikati hapo hupevuka pamoja mara mbili tu, karibu na siku ya 87 na ya 226, tena Kito ukipishana na Shani kwa nusu siku. Macho hayataona tofauti. Mimi naona ni bora hivyo, kwa sababu watu wataingoja.

Bahari umeionea. Umesema maji hujaa Shani ukipevuka, lakini hata hapa Feri bamvua, yaani maji kujaa na kupwa sana, huja mwezi ukiwa mpevu na ukiwa mchanga, na maji mafu, yanayojaa na kupwa kidogo, katikati. Tena Kito uko karibu: umbali wake ni 0.43 ya umbali wa Shani. Nguvu ya kuvuta maji hupungua kwa umbali uliozidishwa kwa wenyewe mara tatu (umbali × umbali × umbali), kwa hiyo ukiupunguza umbali nusu, nguvu inakua mara nane. Kwa hiyo Kito wenye uzito sawa na Shani ungevuta maji mara 12.6 zaidi, na miji yako ya pwani isingekuwepo. Upe uzito wa sehemu moja ya 50, uvute robo ya Shani. Kila siku sita na robo hivi miezi hiyo hukaa mstari mmoja, upande mmoja wa dunia au pande mbili, na nahodha wako lazima azijue siku hizo.

Siku ianze magharibi, kwa kuwa ndipo mwezi mwandamo huonekana. Wakati wa mvua mawingu yataziba, mji mmoja utaona na mwingine hautaona, tarehe zitapishana siku moja. Hilo lisikutishe, litumie kwenye hadithi. Na kama nchi yako iko karibu na ikweta kama sisi, hilali uiandike imelala chali kama mtumbwi, si imesimama wima.

Nitumie jedwali la siku zote 800: siku, umri wa Shani, umri wa Kito, maji. Shani ukikataa kuwa gizani siku ya 313, angalia mwezi wa 3 na wa 7. Mmojawapo umeupa siku 35.

Mama yako