Viwanja vya zamani vipimwe kabla ya kubomolewa

Ndugu Mhariri,

Kila inapozuka habari ya kukarabati viwanja vyetu vya Nyanda za Juu Kusini, uwe Sokoine hapa Mbeya au Samora kule Iringa, mazungumzo huwa ya viti, taa na nyasi. Kupima uwanja uliopo kabla katapila halijaingia, ili baadaye ijulikane kila kitu kilikuwa wapi, hakumo kabisa.

Tazama yaliyotokea Tampa, Florida, nchini Marekani. Timu za besiboli hukimbilia huko kila Februari na Machi kupiga kambi ya kujiandaa na msimu, kwa kuwa kaskazini bado kuna baridi. Al Lopez Field ulianza kutumika katikati ya miaka ya 1950, ukaitwa kwa heshima ya Al López, mdakaji (anayedaka mipira nyuma ya mpigaji) na kocha mzaliwa wa mji huo. Chicago White Sox walitangulia, kisha Cincinnati Reds wakapiga kambi hapo tangu 1960 hadi 1987. Walipohamia mji wa jirani wa Plant City, uwanja ukakosa wenyeji wake wa kila mwaka, 1989 ukabomolewa. López mwenyewe alikuwa hai, akaja kufariki 2005. Eneo hilo sasa limemezwa na Raymond James Stadium, uliofunguliwa 1998. Jina la López lilipewa bustani ya jirani, jambo jema, ila jina halimwonyeshi mtu mpigaji alisimama wapi.

Besiboli ina nafuu. Ukijua bamba la mpigaji, yaani kibao cha chini anaposimama kupiga mpira, lilikuwa wapi na lilielekea upande gani, mengine ni hesabu: mrushaji yuko mita 18.44, kituo hadi kituo ni mita 27.43. Soka haina nafuu hiyo, maana sheria zinaruhusu urefu wa mita 90 hadi 120. Kwa hiyo kila kona lazima ipimwe.

Tumia tepu ya chuma. Ya kitambaa huvutika. Kila kona ipimwe kutoka vitu vitatu vitakavyodumu, kama pembe za majengo ya mawe ng'ambo ya barabara. Mti na uzio visitumike, kwani ndivyo vinavyoondolewa kwanza. Pima pia mishazari yote miwili, yaani kona hadi kona inayoikabili kwa mkingamo: uwanja wa mita 105 kwa 68 hutoa takribani 125.1, na ikitofautiana, kona moja imekosewa. Simu hukosea mita kadhaa, hivyo vipimo vyake viwe vya nyongeza tu.

Picha nyingi tulizonazo ni za wachezaji, jukwaa likionekana kwa mbali nyuma yao. Jukwaa lenyewe lipigwe picha, pande zote, na kila picha iandikwe tarehe na upande ilikopigwa. Jiwe la msingi ling'olewe mapema, maana likiachwa huvunjwa pamoja na ukuta.

Nakala moja ikae halmashauri, nyingine maktaba ya mkoa. Na kazi yote iandikwe ndani ya mkataba wa mkandarasi, ikamilike kabla hajakabidhiwa eneo.

Mdau wa michezo,
Mbeya